Meli Zako Zilizopanda Barafu

Baba,

Mogaka yuko hai. Naanza na hilo kwa sababu najua ungeiruka mistari yote kulitafuta. Vidole viwili vya mkono wake wa kushoto bado vina ganzi, lakini yuko nyumbani kwake Apple Valley, na jana alimaliza sahani ya ugali akaomba nyingine. Sasa nikueleze. Usinikatize kama ulivyozoea, maana nikisimama katikati sitaendelea.

Tangu tukuzike kando ya Mama mwezi wa kumi na moja, chumba chako kwa Mogaka kilikuwa kimefungwa. Vitabu vya maktaba mjukuu wako Moraa alivirudisha. Lilibaki daftari lako mezani, lile la jalada la kijani, uliloandika juu yake “Meli za Kwanza za Kuvunja Barafu” kwa mwandiko uleule wa ubaoni. Hakuna aliyelifungua. Mimi niliogopa kuisikia sauti yako. Mogaka, mdogo wangu, nadhani aliogopa ule ugomvi wenu.

Mligombana kuhusu ziwa. Lile dogo nyuma ya nyumba yake. Machi ya mwaka jana ulimkuta anavaa buti akavue samaki kwenye tundu la barafu, ukasimama mlangoni ukamzuia. Akakujibu mbele ya binti yake, “Baba, mimi nimeishi hapa miaka kumi na minne. Wewe umesoma tu.” Ukampisha. Hukupandisha sauti, lakini tangu siku ile hukumsimulia tena habari za meli zako. Ukawa unanisubiri mimi, Jumapili.

Nami nilikuwa nakuja nimechoka, Baba. Nimetoka shifti mbili mfululizo kule nyumba ya wazee, nime-drive kutoka Columbia Heights macho mekundu, halafu wewe unaanza. Mwanzoni watu waliipiga barafu kwa mashoka na baruti, na meli za mbao zilibanwa mpaka mbavu zikavunjika. Halafu mfanyabiashara mmoja wa bandari ya Urusi akaichonga upya pua ya stima yake ndogo, akaifanya ya mshazari, ili isiigonge barafu bali iipande, na uzito wake uivunje kutoka juu. Kisha ikaja ile kubwa uliyoipenda, ya chuma, iliyojengwa Uingereza kwa ajili ya Warusi, iende hadi barafu ya kaskazini kabisa. Hapo ndipo ulipokuwa ukisogeza kiti. “Na unajua walifunga propela mbele, kwenye pua? Wazo walilitoa huku Marekani, kwenye meli za haya maziwa makubwa, majirani zetu!” Propela ile iliyavuta maji chini ya barafu, barafu ikakosa cha kuibeba, ikakatika. Maziwani ilifanya kazi vizuri. Kule kaskazini, barafu nene ya miaka mingi ikaishinda. Meli ikarudi imejeruhiwa, propela ya mbele ikaondolewa, na mwishowe pua nzima ikajengwa upya.

Mimi nilikuwa nasema “mm” huku natazama simu.

Siku moja uliona sisikii, ukachukua mwiko na sufuria ya uji uliopoa. Ukausukuma mwiko kwa ubavu kwenye ule utando wa juu, utando ukajikunja ukakataa. Ukaupandisha mwiko juu yake, ukaukandamiza kidogo, utando ukapasuka. “Umeona? Hausukumwi. Hupandwa.” Nikakuuliza nani atasafisha meza.

Sasa sikiliza. Jumamosi moja mwezi huu wa tatu, saa tisa alasiri, nilikuwa na Mogaka na Moraa nyuma ya nyumba yao. Muda wa kuondoa mahema ya uvuvi, yale yanayosimamishwa juu ya barafu, ulikuwa unaisha, na hema lake lilikuwa bado liko kule. Siku nne mfululizo jua lilikuwa limewaka, theluji ya uani ikawa tope. Nikamwambia aliache. Akacheka: “Dada, juzi tu hapa palipita pickup.” Juzi yake ilikuwa Januari.

Alikwenda vizuri. Alilikunja hema, akaliweka kwenye sleji yake, kile kigari cha theluji kisicho na magurudumu, akaanza kurudi akiivuta. Alikuwa kama hatua ishirini kutoka ukingoni niliposikia mlio, si mkubwa, kama mtu amekanyaga glasi ndani ya blanketi. Mogaka akasimama. Alinitazama moja kwa moja, Baba. Halafu hakuwepo.

Moraa alipiga yowe, “Daddy!” akataka kukimbilia ziwani. Nilimkamata kwa kofia ya jaketi, nikamwambia apige 911 na asiikanyage barafu hata kwa kidole. Kichwa cha Mogaka kikaibuka. Akaweka viwiko kwenye ukingo wa tundu, akajiinua kwa nguvu zake zote, na ukingo ukavunjika. Akajiinua tena. Ukavunjika tena. Kila akijinyanyua, tundu linakua, na yeye anazidi kuchoka.

Ndipo nikauona ule mwiko wako. Ninaapa, niliuona. Nikapiga kelele ambayo koo langu linaikumbuka mpaka leo: “Mogaka, acha kupanda! Unaivunja! Lala! Lala kama unaogelea, piga miguu nyuma!”

Nafanya kazi ya afya, najua sheria: hufuati mtu kwenye barafu, unasubiri zimamoto. Sikusubiri. Gereji ilikuwa wazi, na mlangoni ulining’inia ule waya mrefu wa umeme, wa rangi ya machungwa. Nikafunga ncha yake moja kwenye nguzo ya uzio, nyingine nikaishika, nikajilaza kwa tumbo juu ya sleji ya plastiki ya Moraa, nikajisukuma kwa mikono. Nilikuwa nimetanda kama nguo iliyoanikwa. Chini yangu barafu ilikuwa ya kijivu na maji yalikuwa juu yake, na iliongea. Ililia kidogokidogo, upande huu, upande ule. Nilikuwa nasema jina lako. Si la Mungu, Baba, lako. Nisamehe.

Mogaka alikuwa amenisikia. Alikuwa amelala kifudifudi majini, miguu ikipiga polepole, midomo ya rangi nisiyotaka kuiandika. Nikamrushia waya. Mara ya kwanza haukufika. Mara ya pili akauzungusha kifundoni mwa mkono, kwa sababu vidole vilikuwa vimekataa kukunjika. Nikavuta. Badala ya yeye kuja kwangu, mimi nikateleza kwenda kwake, maana nyuma yangu waya ulikuwa bado umelegea. Sleji ilikuwa inanipeleka kwenye tundu, na hapakuwa na kitu cha kushika.

Waya ukakaza ghafla. Nikageuza shingo: Moraa na mama mmoja jirani, aliyevaa kandambili za ndani, walikuwa wameushika kule ukingoni na kuegemea nyuma kwa uzito wao wote. Mtoto wa miaka kumi na miwili. Alikuwa anahesabu kwa Kiswahili, moja, mbili, vuta, yeye ambaye ulimsemesha miaka miwili naye akakujibu kwa Kiingereza tu. Mogaka akaja kwa tumbo, akaja kidogo tena, akatoka majini kama mzigo. Tulibiringika hadi ukingoni. Watu wa zimamoto walifika tukiwa kwenye nyasi.

Ndani ya ambulensi hakujua siku wala mahali. Alinishika mkono, meno yakigongana, akasema, “Dada, usimwambie Baba.”

Ndiyo maana nakuandikia. Nimekuambia.

Alilazwa siku tatu. Nilipokwenda kumchukulia nguo, nilifungua chumba chako nikalichukua daftari. Nilimsomea kitandani, ukurasa kwa ukurasa. Tulipofika kwenye ile propela ya mbele, nikakuta umeandika pembeni kwa penseli: “Kwa Mogaka. Barafu aliyoizoea mtu ndiyo hatari yake; ya ziwa haikuwafundisha ya kaskazini, na ya Januari haifundishi ya Machi. Nimwambie taratibu, si mbele ya mtoto.” Nilisoma kwa sauti kabla sijajua ninachosoma. Mogaka akageukia ukutani. Mabega yake yalitikisika muda mrefu, nami nikaacha yatikisike.

Kwa hiyo ulikuwa unatafuta namna ya kumwambia. Miezi yote ile. Na sisi tulidhani umenuna.

Ukurasa wa mwisho unahusu jinsi ile meli kubwa ilivyotumwa kuwatafuta wavuvi waliochukuliwa na barafu baharini, na ujumbe ukapelekwa kwa simu isiyo na waya, kitu kipya kabisa wakati huo. Umeandika, “Wavuvi wale walikuwa,” basi. Hapo ndipo ulipoinuka kwenda kunywa maji, ukaanguka. Mogaka akageuka akaniuliza, macho mekundu, “Walikuwa nini? Walipona?” Sikujua. Ilibidi nitafute. Walipona, Baba. Iliwafikia.

Jumapili hii mchungaji ametuita mimi na Mogaka tutoe ushuhuda kanisani. Watu wameshaanza kuniita shujaa, wanataka wasikie muujiza. Wapo wanaume pale ambao wamenunua mahema ya uvuvi msimu huu, na wengine ni wageni kama tulivyokuwa. Naogopa kusimama mbele yao kuliko nilivyoogopa kulala juu ya ile barafu.

Lakini nakuahidi nitasimama. Nitamshukuru Mungu, kisha nitawaeleza meli zako kwa utaratibu, kama ulivyotaka zielezwe. Nitawaambia pia kwamba uliniambia yote haya mara nyingi, wala sikuwa nakusikiliza. Hilo nitalisema kwanza, kabla hawajapiga makofi.

Pumzika, mwalimu wangu. Msalimie Mama.

Binti yako,
Kerubo