Ndovu Wekundu wa Mghoi

Jumamosi. Voi imekauka, upepo unaleta vumbi hadi kwenye kibodi.

Nina wivu. Nimeusema mapema nisije nikauficha baadaye.

Karibu mwaka mzima nimekuwa nikitengeneza mod, ule ukarabati tunaofanya sisi mashabiki ili gemu ya zamani ionekane ya kisasa. Gemu yenyewe ni ya kuendesha gari popote utakapo; nilikuwa nikiicheza na rafiki yangu Mghoi tukiwa sekondari. Mji wake nimeugeuza Voi, na malori ya Mombasa na stesheni ya SGR. Nyikani nimeweka ndovu. Lakini anga ndiyo iliyonitoa jasho: mawingu yanajikusanya, mvua inanyesha, lami inang'aa. Nilijua nikiitoa watu watanyamaza.

Jumatano Mghoi akatoa ya kwake. Sikujua hata kama anatengeneza.

Ameigeuza gemu ileile Kasigau, kwao. Anga yake ni mbovu, bluu tupu kama ukuta wa duka, na nilipoiona nilifurahi sana. Kisha ndovu wakatoka vichakani kuelekea shamba la mahindi. Wekundu, rangi ya udongo wetu. Watu wakajaa kwenye maoni: "Hawa sasa ni wetu!"

Wangu ni wa kijivu.

Mimi mzaliwa wa hapa, niliyewaona tangu utotoni wamejimwagia vumbi jekundu hadi masikioni, nilifuata picha za mtandaoni. Mghoi hakuhitaji picha. Ndovu halisi wamewamalizia kwao shamba mara ngapi!

Leo asubuhi ameniandikia: "Sema, msee. Ile anga ulinionyesha ni moto! Si unipee niweke kwa Kasigau yangu? Huku mvua tutaionea kwa gemu tu. Jina lako nitaliweka kando ya langu."

Angeringa, ningemchukia kwa raha. Ameomba vizuri.

Nimemtumia. Nimeandika "poa tu", na roho inaniuma.

Mchana huu ndipo nimekumbuka. Mvua ikinyesha, vumbi huwatoka ndovu. Chini ya anga yangu, ndovu wake watalowa wakiwa bado wekundu, na watu wa Kasigau wataliona kosa siku hiyohiyo. Wanaohitajika hapo ni wa kijivu, na ninao tayari.

Nimwambie, au nisubiri mvua inyeshe?