Kikohozi cha Longino

Ifakara, Jumanne, 1996

Basi leo nimeigiza vizuri kuliko siku zote, na ilikuwa msibani.

Tumemzika Longino, dereva wa gari la sinema. Ndiye aliyeizungusha filamu yangu, hiyo moja tu niliyonayo, kuanzia Kisawasawa hadi Mlimba. Humo niliigiza mlevi asiyetaka kuchemsha maji, nikafa mapema. Siku hizi watu wamehamia vibanda vya video, na gari lenyewe limeotewa na nyasi.

Mimi ni mtani wake, kwa hiyo nilivaa koti lake nikamwigiza alivyokuwa akiipiga mashine ya sinema makofi huku akikohoa. Waombolezaji wakacheka. Mjane wake, Mama Fidelis, hakucheka.

"Mtani, hebu kohoa tena."

Nikakohoa. Akafumba macho.

"Ndiye huyo. Na kesho uje."

Shemeji yake akadakia, "Mzee wa filamu, leo umepata mkataba!"

Nikacheka nao. Ndani sisikii kitu, hata machozi ya kuigiza hayaji.

Nitakwenda, nitaachaje? Ila naogopa kesho nikikohoa, atasikia ni mimi tu.