Mche wa sabuni kwenye mkoba wa dada

Kaka uko hewani? Nimeumbuka leo.

Si unakumbuka kile kitabu cha picha nilichomchorea mpwa wangu, aelewe ugonjwa wa figo wa mama yake? Ile mashine ya hospitali nikaichora kama mashine ya kufulia. Damu inazunguka, mapovu kila mahali. Nikaandika: "Damu ya Mama ikasafishwa. Mama akapona. Mwisho."

MAMA AKAPONA. Mimi. Daktari wa darasa la saba.

Sasa asubuhi dada anajiandaa kwenda kusafishwa damu. Mtoto kaja na mche wa sabuni ya kufulia, kautia kwenye mkoba wa mama yake.

"Mama, sabuni yao ikiisha tumia hii."

Mche mzima kaka.

Mimi nikacheka. Dada hakucheka.

Mtoto akauliza, "Leo ndiyo mwisho, eti? Mjomba kaandika mwisho."

Na dada anaenda mara tatu kwa wiki, maisha yake yote. Mtoto hajaambiwa. Mimi ndo nilipewa kazi ya kumwambia, kwa picha.

Dada kaniangalia. "Mdogo wangu, mapovu umeyapatia. Futa hapo kwenye 'akapona'."

"Niandike nini?"

"Akarudi nyumbani. Keshokutwa akaenda tena."

Mtoto alikuwa anasikiliza, akadakia:

"Halafu?"

"Akarudi nyumbani."

Nikamwambia dada, kurasa zimebaki mbili tu.

Akabeba mkoba wake, sabuni ikiwa humo humo. "Kanunue daftari kubwa."

Nipo dukani hapa. Kaka, daftari kubwa kuliko yote lina kurasa ngapi?