Nuru 3, Bila Kuchelewa

Alhamisi. Manyunyu tangu alfajiri, na leo ni siku ya tisa mlima haujaonekana.

Tafadhali wewe unayesoma, usimwonyeshe mtu haya. Usiyatume kwenye kikundi chochote, hata cha kanisa. Hasa cha kanisa. Mimi ni karani wa chama cha ushirika cha kahawa huku Tetu, bado niko kwenye miezi ya majaribio, na leo nilikaribia kufukuzwa kwa sababu ya saa isiyokuwepo.

Nianze na siri yenyewe. Kwenye droo yangu, chini ya fomu za wanachama, huwa kuna kaunta buku, lile daftari nene la jalada gumu. Ndani yake mna dunia kumi na moja nilizozibuni mwenyewe, na kipimo kimoja cha wakati kinachozitosha zote. Nakiita Nuru. Kila dunia hugawa mwanga wa siku yake mafungu kumi na mawili, mwanga huo uwe mfupi au mrefu. Nuru 3 maana yake robo ya mwanga imeshapita. Katika dunia ya pili robo hiyo ni kama nusu saa yetu. Katika dunia ya nane ni wiki nzima. Lakini watu wa dunia hizo wakiambiana Nuru 3, wanaelewana.

Ni dunia ya sita tu iliyonishinda. Ina ukungu daima. Hawaoni jua likichomoza, sasa wataanzia wapi kuhesabu?

Hayo ndiyo niliyokuwa nikiyawaza nilipochapa tangazo la mkutano wa wanachama.

Mkutano uliotangulia ulivunjika kwa kosa langu. Niliandika "saa 3:00", basi. Wazee wakaja asubuhi, saa tatu. Vijana, ambao husoma saa kwenye simu, wakaja alasiri. Idadi inayotakiwa haikutimia asubuhi wala alasiri. Meneja wetu, Madam Wangeci, aliniambia kwa upole ulionitisha kuliko kelele kwamba nikikosea tena hivyo, nitafute kazi mbali, huko Sagana.

Kwa hiyo tangazo hili nililisoma mara tano. Leo nikifungua lango nikaliona limebandikwa ukutani: "Mkutano utaanza Nuru 3, bila kuchelewa."

Nililisoma mara tano, na mara zote tano lilionekana sawa.

Lilikuwa limeshapelekwa kila kituo cha mizani, wanachama wanapopimia kahawa, tangu wiki iliyopita. Nikapanga benchi, na kichwani napanga maneno ya kuaga.

Kisha wakaanza kuja. Ilipofika saa tatu kasorobo benchi zilikuwa zimejaa, vijana kwa wazee, na wengine wamesimama mlangoni na gambuti zao zenye tope.

Mama Njoki, ambaye kila wiki hulalamikia foleni ya mizani, alikuja dirishani kwangu kuuliza huyu Nuru ni mhubiri gani na mbona hajafika. Binti yake, aliyemshikia mwavuli, akamwambia si mhubiri, ni masaa: mwanga ukishatoka, unahesabu tatu.

"Nilijua," akasema Mama Njoki. "Nilikuwa najaribu karani. Na kukiwa na ukungu kama hii?"

Nilikiri kwamba hata mimi sijui. Akanitazama kama mtu asiyelelewa.

"Kwani kwenu hakuna ng'ombe? Ng'ombe haiangalii jua. Ikitaka kukamuliwa, inaita. Hapo ndio kumekucha."

Nikaandika maneno hayo nyuma ya fomu ya mtu. Dunia ya sita imepata asubuhi yake.

Mkutano ukafanyika, kamati ikachaguliwa, watu wakaondoka. Ndipo Madam akaniita na kufunga mlango. Tangazo lilikuwa mkononi mwake. Akauliza hiyo Nuru ni ya wapi. Nilitaka kusingizia kompyuta. Badala yake nikaenda nikaleta kaunta buku.

Akalisoma akiwa amesimama. Baadaye akakaa. Chai yake ikapoa hadi ikashika utando.

"Kuanzia leo, tangazo lolote likuje kwangu kwanza," akasema bila kuinua macho. "Barua yako ya kuajiriwa niko nayo hapa, nitaweka sahihi kesho. Sasa toka, nimefika dunia ya tano."

Bado naogopa, maana kesho haijafika. Lakini leo nimemaliza mukimo wote sahanini, na sikumbuki mara ya mwisho nilipofanya hivyo siku ya kazi.

Ukitaka kunipata, usipige simu ofisini na usitaje jina langu. Njoo siku ya kazi, Nuru 7, wengine wakiwa wameenda kula. Dirisha la pili kutoka kwenye mizani. Uliza kwa sauti ndogo kama ng'ombe ameshaita, nami nitatoka.

Ila usiombe kuona kaunta buku. Madam ameenda nalo nyumbani.