Kipande cha Bi Kafedha

Mwaka umetimia, Mwidani, tangu feri ya Likoni iachie gati na jeneza lako, nami mjomba wako nimebaki ng'ambo na kifurushi changu cha safari mkononi. Nilikuwa natoka Tanga, nikachelewa. Nimezoea kuchelewa.

Kazi yako kule Changamwe ilikuwa kukata na kuunga filamu, zile za kuwaonyesha watu maisha yao. Vipande uliviangika kambani kwa vibanio vya nguo ulivyochukua nyumbani, mpaka mkeo Mwanatatu akawa anaanika kanga juu ya ua. Na ulikuwa na desturi yako: ukimwona mzee kwenye kipande, kabla hujashika mkasi unamwamkia. "Shikamoo, bibi." Wenzako wakicheka. "Mwidani, ataitikia lini?" Nawe: "Kwani nyie wazima mkiamkiwa mwaitikia?"

Mwaka wa sitini na moja ililetwa filamu ya watu waliotolewa mashambani kupisha mabohari. Maneno yake yalisema wamehama kwa hiari. Katikati yumo Bi Kafedha, ameketi mlangoni kwake, anasema, "Sihami. Wangu wamezikwa hapa." Bwana mkubwa wako akaamuru, "Mtoe huyo kikongwe." Ukamjibu, "Nimeshamwamkia, bwana. Siwezi kumtupa."

Jioni ulitusimulia. Mimi, nikila wali wako, nikasema, "Mkate tu, baba. Ni kipande cha dakika moja." Ukainuka, ukaenda kunawa. Neno lile linanitafuna hadi leo.

Ulimkata mbele ya bwana mkubwa, ukamtia mfukoni, na siku ya sinema pale Likoni ukamrudisha kwenye filamu. Bi Kafedha mwenyewe alikuwepo mkekani. "Huyo ni mimi," akasema, "na maneno yangu ni yayo hayo." Watu walisimama. Kesho yake ukafukuzwa, na barua ikakuita mwizi, hata usiajiriwe popote pa maana. Ukaenda kubeba magunia bandarini na kifua kile cha pumu. Ulidumu miezi kumi na minne tu.

Wanaotwambia ni kudra, na waseme. Kudra haiandiki barua.

Habari zetu ni hizi. Bi Kafedha alihamishwa kwa lori. Yuko kwa mwanawe kule Matuga, macho hayaoni. Bwana mkubwa amerudi kwao. Juzi, kwenye sherehe za Uhuru, wakubwa wetu wapya waliionyesha filamu ile ile: watu wamehama kwa hiari, Bi Kafedha hayumo. Kipande chake, ulichokichomoa tena usiku ule wa sinema wasije wakakitupa, ukarudi nacho nyumbani, kimo kwenye kopo la biskuti. Ukikiinua dirishani unamwona, mdogo kama punje, ameketi mlangoni.

Tupo mama yako Mwanasaumu, asiyeitaja tena Changamwe. Mkeo Mwanatatu, aliyerudishiwa vibanio vyake. Binti yako Mastura, aliyeanza shule. Nami mjomba wako Tsuma, sijasafiri tangu siku ile.

Sisi hatukutoi, Mwidani. Daima.