Kwa Veli, Kabla Hatujaufuta Mkanda

Mwaka umetimia, Veli, tangu asubuhi ile ya Mei 2006 ulipokwenda kijiji cha Sidab kutafuta mahali pa kupigia picha za tamthilia yako mpya, ukakaa chini upumzike, usiinuke tena. Daktari alisema ni moyo. Ulikuwa na miaka sitini na mbili.

Kwenu Belgrade walikujua kwa jina la Velimir Radanov, mwongozaji wa filamu tano na wa tamthilia ya televisheni iliyowarudisha watu majumbani mapema kila Jumapili. Vita vilipoanza ulitakiwa utengeneze filamu ya kuwachochea watu dhidi ya majirani zao. Ulikataa, na kazi zikakauka. Mwaka 1992 ukaja Maskati kufundisha waongozaji vijana, na sanduku moja la nguo nzito zisizofaa kabisa kwa joto letu. Ukasilimu, ukaoa kwetu, na msikitini wakakuita Ishaq. Sisi tulikuita Veli.

Kiswahili ulifundishwa na mkweo, Bi Mahbuba, kwa hiyo ukawa unasema kama bibi wa Unguja. Sokoni Mawaleh ulikuwa ukiyaonea huruma mabilingani, "yamesinyaa, maskini," na watu wakiacha kununua ili wakusikilize. Kazini ulikuwa mkali kwa aliyechelewa, ila wazee hukuwaharakisha. Ulikaa nao kwanza, ukanywa kahawa yao, na kamera ikabaki mkobani hata siku tatu.

Hivyo ndivyo ulivyompata Bi Mahbuba, ambaye maisha yake yote alikataa kupigwa picha. Kwako alikubali. Alisimulia usichana wake Unguja na safari ya kuja Omani, ikajaa mikanda saba, kwa sharti moja tu: "Siku n'takayokufa, mwanangu, unifute. Sitaki watu wanitazame nami nimo udongoni." Ukamwambia ndiyo. Ulituambia hujawahi kufanya kazi bora kuliko ile.

Alipofariki mwaka 2003 tulikusihi sana usimfute. Shemeji yako Sleyum alitaka hata kuificha mikanda. Ukamjibu, "Nilimwahidi akiwa hai. Sasa hawezi kunisikia, ndiyo nimdanganye?" Uliifuta yote kabla ya arubaini, peke yako chumbani. Ulitoka macho mekundu, na hakuna kati yetu aliyekupa hata maji.

Hapa naandika mimi mwenyewe, Nasriya, mkeo. Miaka mitatu nilikununia. Nilikwambia umemuua mama mara ya pili, neno ninalolijutia kila siku, na sikukuomba radhi. Mwezi mmoja kabla hujaondoka uliniomba tu nawe nikufanyie hivyo hivyo, maana upo mkanda mmoja wenye sura yako, wa Idi hapa nyumbani Amerat, unamfundisha mwanetu Bashayer kupasua komamanga. Nikakuitikia bila kufikiri, nikaendelea kukunja nguo.

Mwaka mzima sijaweza. Nimeutazama mpaka najua wapi unavuta pumzi. Mara tatu nimeweka kidole kwenye kitufe, mara tatu nimekiondoa. Sasa ndiyo najua ulichokifanya chumbani mle, na ulikifanya mara saba, huku mimi nikikulaani jikoni. Nisamehe, Veli. Nimechelewa, na wewe hukupenda watu wanaochelewa.

Leo alasiri, baada ya kukusomea khitma, tutaufuta. Watoto wameomba wawepo. Bashayer ana miaka kumi, na ameuliza kama kitufe anaweza kukibonyeza yeye. Nimemwambia hapana, hii ni kazi yangu.

Tunaokukumbuka ni mimi mkeo Nasriya, wanao Sami na Bashayer, shemeji yako Sleyum, dada yako Vesna aliyeko Novi Sad, na wanafunzi wako wote. Mola akulaze pema. Tutakukumbuka daima, Veli. Kuanzia jioni ya leo hatuna njia nyingine ya kukuona.