Mama Dajeong Alivyoanguka Ngazini

Jumatano, 20 Novemba

Kabichi zimefika asubuhi, gari zima. Ndiyo kazi ya Novemba — kimchi, kabichi ya kuchachushwa kwa chumvi na pilipili, ya kula mpaka kiangazi. Wiki iliyopita Dajeong, binti yetu, alipiga simu kutoka Daegu akasema mwaka huu tununue ya dukani, mama yake anachoka haraka. Nikamjibu ya dukani haina ladha ya mkono wa mtu. Mkono wa nani? Si wangu.

Mke wangu, Mama Dajeong, alikuwa anapandisha beseni la kabichi kwenye paa, tunakoweka mitungi ya kimchi, mimi nyuma na ndoo. Akaanguka. Hakusema anasikia kizunguzungu. Hakushika ukuta. Kama taa imezimwa. Kabichi zikashuka ngazi zenyewe.

Akafumbua macho upesi, akauliza kwa nini yuko chini. Nikamwambia chakula kimekukwama tumboni, maana alikuwa amekula keki za mchele harakaharaka. Nikafanya kama mama yangu alivyokuwa akitufanyia: nikamfunga uzi kwenye vidole gumba, nikachoma kwa sindano karibu na ukucha. Damu ikatoka nyeusi. Unaona, nikamwambia, hii ndiyo ilikuwa inakusumbua. Akacheka. Halafu akasema kabla hajaanguka moyo ulimwenda mbio vibaya. Nikasema ni tumbo hilo hilo.

Nikamkataza kumwambia Dajeong. Angetupeleka hospitali, na kabichi zingine zilishaingia kwenye chumvi. Mchana mke wangu alikuwa amerudi kwenye chumvi. Mimi ndiye niliyemsogezea kigoda.

Alhamisi, 21 Novemba

Dada yangu Malrye amefika na pilipili zake. Kitu cha kwanza alichoona ni plasta kwenye vidole gumba. Nikawahi kusema tumbo tu.

"Wifi, ulificha keki usinigawie," akasema, "sasa tumbo limekushtaki."

"Nilisikia unakuja, wifi, ndiyo maana nilikula upesi," Mama Dajeong akamjibu. Wakacheka mpaka pilipili ikawaingia machoni.

Hapo dada akasimulia alivyozimia mwaka jana kwenye bafu la umma la wanawake. Alikaa sana kwenye maji ya moto, akainuka ghafla, macho yakaingia giza, jasho la baridi, masikio yakavuma. Wakamlaza, wakamwinua miguu, akanywa maji, akaenda kula supu. Nilifurahi kusikia. Nikajiambia, basi watu huzimia tu.

Lakini dada aliiona inakuja. Mke wangu hakuona kitu. Nililijua hilo, nikaendelea kupaka pilipili kwenye majani ya kabichi.

Na Bongsik je? Mdogo wake Mama Dajeong, shemeji yangu. Alianguka uwanjani anakimbiza mpira, hata nywele nyeupe hakuwa nazo. Hakuamka. Tulisema uchovu.

Leo mke wangu amepumzika katikati ya ngazi mara kadhaa. Sikumuuliza.

Ijumaa, 22 Novemba

Ameanguka tena. Ngazi ileile, safari hii na mtungi. Dada alikuwa juu kwenye paa, hakuona. Mimi niliona. Uso kama majivu, midomo ya bluu, mikono inatetemeka. Na mimi nikakimbilia kutafuta sindano. Sindano! Nilikuwa nayo mkononi ndipo nikapiga 119 kuita ambulensi.

Alizinduka kabla gari halijafika. Aliona aibu mbele ya majirani.

Hospitalini daktari ni binti mdogo, anaitwa Daktari Pyo. Akaniuliza alikuwa anafanya nini alipoanguka. Nikasema amesimama tu, hajala tangu asubuhi. Akauliza imewahi kutokea kabla? Dada, niliyemwambia tumbo tu, yuko pembeni yangu. Nikasema hapana. Katika ukoo wao kuna aliyekufa ghafla? Hapana. Mke wangu alinitazama, halafu akatazama dari.

Daktari akanieleza kwa upole. Wengi huzimia kwa mambo madogo: njaa, kukosa maji, joto, kusimama muda mrefu, kuinuka ghafla, kuona damu, dawa za presha. Hao huona dalili kwanza, na wakilazwa hupata nafuu upesi. "Ninaowaogopa mimi," akasema, "ni wanaoanguka wakiwa kazini, bila dalili, moyo ukienda mbio au kifua kikiuma. Au wenye ndugu aliyekufa ghafla. Hao hawangoji kesho, baba."

Akaniita baba. Nikaitikia kwa kichwa kama mtu asiye na habari.

Jumamosi, 23 Novemba

Dada alimpigia simu usiku; Dajeong amefika na basi la kwanza. Hakunisalimu vizuri. Amemshika mama yake mikono, akaona vidole gumba. Akauliza vidonda hivi ni vya nini, mbona vimeanza kukauka.

"Nilikuwa nashona mto, sindano ikaniponyoka," mama yake akasema.

Vidole vyote viwili? Dajeong hakuuliza hivyo. Mimi ndiye niliyejiuliza. Amenidanganyia mimi, mgonjwa yeye.

Kipimo cha moyo cha usiku kimetoka safi. Daktari Pyo amesema kwa maelezo niliyompa inaonekana ni njaa na uchovu, mchana huu anaweza kwenda nyumbani. Kwa maelezo niliyompa. Dajeong ameshukuru. Dada amepiga simu kuuliza mitungi iliyobaki aijaze au atungoje.

Nyumbani kuna ngazi zilezile. Naye nikimpeleka atapanda, namjua. Na mara ya tatu itakuwaje?

Namsikia daktari chumba cha jirani, anaagana na mgonjwa. Mama Dajeong ameshavaa soksi, anakunja gauni la hospitali — analikunja vizuri kama lake. Nimemwambia asifunge mfuko. Ameuliza kwa nini. Dajeong ameinua macho kwenye simu. Wote wawili wananitazama, na mlango unafunguliwa. Nitaanza na Bongsik.